Kubuni mtindo wa ujenzi kwa dunia ambamo wakati hujaa na kupwa: hatua kwa hatua

Kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba. Mchana nachorea watu wanaojenga kweli, wenye kiwanja, mawe na fundi. Usiku nachorea waandishi wa hadithi na wachoraji wa katuni. Wao huniletea dunia walizozibuni, nami nawatafutia mji ambao wahusika wao wataishi.

Wengi huja na picha tayari kichwani: mnara unaoelea, saa kubwa iliyopinda ukutani, ngazi zinazopanda kuelekea chini. Picha nzuri, lakini nikiuliza maji ya mvua yanatokea wapi, au maiti hutolewa kwa mlango gani, kimya. Hapo ndipo kazi huanzia. Mtindo wa ujenzi ni majibu ya watu kwa mambo yanayowabana. Ukichora majibu kabla ya kujua kinachowabana, msomaji ataona pambo, hataona mji.

Katika mwongozo huu nitajenga mtindo mmoja kuanzia mwanzo, mbele ya macho yako. Mji nimeuita Kipwajaa, na nyumba zake zinaitwa nyumba za mikanda. Wewe fuata hatua zilezile kwa dunia yako. Utahitaji karatasi yenye miraba, penseli, rula, na daftari la kuandika unayoyafuta, kwa sababu utakayoyafuta yatakuwa mengi na mengine utayarudia.

Hatua ya 1: Tafuta kitu kimoja kinachowabana wajenzi

Hili nilijifunzia Lamu, nikipima nyumba ya zamani ya mawe. Nilipima chumba cha kwanza, cha pili, cha tatu. Urefu ulibadilika, upana haukubadilika: kila mara chini kidogo ya mita 3. Nikadhani ni desturi, au imani fulani ya hesabu. Fundi mmoja mtu mzima aliyekuwa akinitazama kutoka barazani akaniambia, "Mwanangu, unapima ukuta. Pima mti."

Alimaanisha boriti. Dari la nyumba zile ni mawe na chokaa vilivyolazwa juu ya miti ya mikoko, na mkoko ulionyooka, wenye unene wa kubeba uzito huo bila kupinda, hauendi mbali zaidi ya hapo. Basi vyumba vyote vikawa virefu na vyembamba, kimoja nyuma ya kingine, msana wa tini, yaani ukumbi wa kwanza, msana wa yuu unaoufuata, kisha ndani kabisa. Namna mgeni anavyokaa na mwenyeji, kitanda kinapowekwa, mwanga unavyopungua kadiri unavyoingia, vyote vimeanzia kwenye urefu wa mti mmoja unaoota kwenye tope.

Kwa hiyo kabla hujachora hata mlango, andika juu ya karatasi: watu hawa wanabanwa na nini? Katika dunia ambamo wakati unapinda, jibu lako ni wakati wenyewe. Uchukulie kama mvua, chumvi na mchwa: kitu kinachofika kila siku na kuharibu nyumba ya asiyejiandaa.

Hatua ya 2: Chagua umbo la wakati, na ulichukue nyumbani

Usikimbilie mashine wala mlango wa kichawi. Angalia kwanza wakati unavyohesabiwa unakotoka. Sisi siku yetu hufunguliwa na magharibi, ndiyo maana tunasema usiku wa kuamkia Ijumaa. Saa yetu ya kwanza ni jua likishatoka. Wakulima na mabaharia wa pwani walihesabu mwaka wa jua kwa miongo, siku kumi kumi kuanzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya, na Makunduchi, Unguja, hadi leo sherehe yake ya Mwaka Kogwa ikifika kibanda cha makuti huchomwa moto. Fikiria hilo kwa jicho la mjenzi: jengo linalojengwa ili mwaka upite ndani yake na liteketee. Unaweza kubuni mji mzima kutokana na kibanda kile tu.

Mimi nilichagua maji. Mtu wa pwani haulizi tu ni saa ngapi, huuliza maji ya saa ngapi. Mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu tunapata bamvua, maji yanajaa sana na kupwa sana, tofauti ya mita 3 na zaidi. Katikati yake ni maji mafu, bahari haiendi mbali. Nikajiuliza: na kama wakati nao ungejaa na kupwa hivyo?

Hatua ya 3: Andika kanuni, zisizidi tatu

Zikizidi tatu utazisahau wewe mwenyewe ukurasa wa arobaini. Hizi ndizo za Kipwajaa.

Kwanza: usiku wa bamvua wakati hupanda kutoka ufukweni hadi, karibu na saa kumi, uufunike mji kufikia alama moja. Hauonekani wala haulowanishi. Katika mtaa wa chini, ulio karibu na bahari, alama hiyo iko pima 2 juu ya njia.

Pili: kilichofunikwa hurudi nyuma kwa umri, mwaka mmoja kwa kila shibiri ya kina. Umri hurudi, mahali hapabadiliki. Jiwe lililopangwa ukutani litabaki ukutani, ila litakuwa jiwe la zamani zile.

Tatu: wakati ukipwa, kila kitu hurudia umri wake, mradi hakijaachana na mahali pake.

Vipimo nimechukua vya mwili, shibiri, dhiraa na pima, kwa sababu mjenzi wa Kipwajaa hupima umri kwa mkono. Shibiri 2 ni dhiraa, dhiraa 4 ni pima. Pima 2 basi ni shibiri 16. Anayesimama njiani usiku wa bamvua amesimama miaka 16 nyuma. Chagua namba ndogo kama hizi, msomaji aweze kuhesabu kwa vidole. Akiweza kuhesabu ataanza kuogopa kabla hujamwambia aogope.

Hatua ya 4: Chora mkato kabla ya uso wa nyumba

Watu hupenda kuanza na uso wa nyumba, madirisha na nakshi. Usianze hapo. Ikate nyumba kwa kisu kutoka paa hadi msingi, kama unavyokata mkate, chora unachokiona ndani. Kisha piga mstari wa alama ya kujaa, na chini yake piga mistari mingine kila shibiri moja, 1, 2, 3 hadi 16 kwenye usawa wa njia. Endelea hadi 24 kwenye msingi.

Nyumba ya kwanza ya Kipwajaa niliichora hivi: boriti za dari la chini ziko shibiri 13 juu ya njia, kwa hiyo ziko kina cha miaka 3. Sakafu ya juu iko shibiri 15, kina cha mwaka 1. Baraza lina kimo cha shibiri 2, kina cha miaka 14. Andika namba hizo kwenye mchoro wenyewe, si pembeni. Kuanzia hapa utakuwa unaulizwa na mchoro, nawe unajibu.

Hatua ya 5: Pitisha kila kifaa chini ya alama

Hapa kaa sana. Mimi nilikaa wiki tatu, na karibu kila kitu kizuri cha Kipwajaa kilitoka hapa.

Chukua vifaa vya fundi kimoja kimoja na uulize: kina umri gani, na kabla ya kuwa hiki kilikuwa nini?

Jiwe la matumbawe la nchi kavu, lile gumu la kuchimba, ni la maelfu ya miaka. Miaka 16 kwake si kitu. Litajenga kuta za chini na msingi bila wasiwasi. Lakini kuna tumbawe jingine, laini, ambalo mafundi wa zamani walilikata hai baharini na kulichonga likiwa bado bichi, kabla hewa haijaligumisha. Hilo ndilo lililotoa nakshi za vidaka, vile vishubaka vya ukutani, na mihrabu. Lipeleke chini ya alama kabla halijatimiza umri wake, na usiku wa bamvua kidaka kinarudi kuwa tumbawe hai. Nakshi zinafutika, ukuta unatoa maji na kunuka bahari chumbani. Alfajiri nakshi zimerudi. Kwa hiyo Kipwajaa nakshi za mawe huwa juu tu, na anayeinua macho njiani huona ghorofa ya chini tupu kama uso wa mtu aliyenyamaza, na ghorofa ya juu imejaa maua.

Boriti: kina cha miaka 3 maana yake mti uwe umekatwa zaidi ya miaka 3 iliyopita. Ukiweka mbichi, usiku utavimba utomvu, utatoa majani darini na kupinda. Basi kila ukoo una banda la kukaushia boriti kule juu kilimani, na kuna biashara ya miti iliyokaa. Tazama, tumeshapata kazi, bei na mtaa mzima, na hatujachora dirisha.

Mlango nusura unishinde. Mwanzoni niliandika kwamba mbao za mlango wa nje ziwe za zamani, basi. Rafiki yangu seremala akausoma mchoro akauliza, "Mbao ni za zamani, sawa. Mlango wenyewe ulitengenezwa lini?" Alikuwa sahihi. Mbao za miaka 50 zilizounganishwa mwaka jana, ukizirudisha miaka 16, ni mbao tu. Mfaa, ule mti wa katikati ya mlango, utaachia, misumari itadondoka, jani la mlango litakuwa rundo kizingitini. Mlango wa njiani lazima uwe *mlango* kwa zaidi ya miaka 16.

Kwa hiyo milango ya Kipwajaa huzaliwa juu. Mtoto akizaliwa, baba humwita seremala, mlango unatengenezwa na kutundikwa chumba cha juu, juu ya alama, mahali ambapo haufungi kitu chochote cha maana. Mtoto hukua akipita kwenye mlango wake. Akitimiza miaka 17 yeye na mlango hushushwa siku moja, kwa sababu ndiyo siku ambayo wote wawili wanaweza kusimama njiani usiku wa bamvua wakabaki. Unguja na kwingine pwani tunajua milango mikongwe inayohamishwa kutoka nyumba hii hadi ile. Sikubuni mlango unaosafiri, nilichobuni ni sababu ya safari.

Sasa chokaa, iliyoupa mtindo huu jina. Kiini cha ukuta wa chini ni mawe yaliyopangwa makavu, yanakaa kwa uzito wake. Lakini ukuta wa matumbawe unakunywa maji, unahitaji lipu ya chokaa. Na lipu ina umri tangu siku ilipopigwa. Kabla ya hapo ilikuwa uji kwenye shimo, kabla ya hapo mawe ya moto, kabla ya hapo tumbawe juu ya rundo la kuni la tanuri.

Chora ukuta ambao lipu yake ina miaka 5, usiku wa bamvua. Shibiri 5 za juu chini ya alama ni kavu, imara. Chini yake unaanza ukanda wa lipu mbichi, unaong'aa, ukigusa kidole kinazama. Chini kidogo, ukanda wa moto: hapo chokaa imerudi saa ile ya kuchomwa, mvuke unatoka, mtu anahisi joto usoni akipita. Chini ya hapo hakuna lipu kabisa, ni vipande vya matumbawe vinavyotaka kumwagika njiani. Mwaka ujao ukanda wa moto utakuwa umeshuka shibiri moja. Nyumba inakomaa kutoka juu kwenda chini, mwaka kwa shibiri.

Vipande vizuiwe vipi visimwagike? Kwa mbao kongwe, zilizolazwa kimlalo, kila moja upana wa shibiri, kuubana ukuta kutoka alamani hadi njiani. Hiyo ndiyo mikanda. Katika mchoro wa kwanza nilizifunga kwa kamba za makumbi. Nikaulizwa tena na seremala yuleyule: fundo lina umri gani? Fundo la juzi, kwenye kina cha miaka 16, si fundo. Nikafuta kamba zote. Sasa mikanda huegemezewa mawe makavu, yaliyopangwa kama kilima kidogo kilicholalia ukuta, nzito, bila kufungwa na chochote. Kila mwaka, safu moja ya mawe hushushwa na ubao mmoja hutolewa, kuanzia juu. Njia mbele ya nyumba changa hupungua dhiraa nzima, majirani huvumilia miaka 16, kwa kuwa nyumba zao nazo ziliwahi kuvumiliwa.

Mgeni akiingia mjini, huhesabu mikanda iliyobaki na kujua nyumba ina miaka mingapi. Swali la kawaida Kipwajaa si "umejenga lini?" Ni "umebakiza mikanda mingapi?"

Ushauri wangu kwenye hatua hii: mtafute mtu anayeshika vifaa hivyo kwa mikono yake, umsomee kanuni zako. Fundi, seremala, mshonaji makuti. Atakuuliza umri wa fundo.

Hatua ya 6: Waweke watu ndani

Mtu ana nyayo chini na kichwa juu, na kwa kanuni ya pili miguu yake ingekuwa ya kijana na uso wa mzee. Nilitaka kuliacha jambo hili lipite kimyakimya, lakini msomaji makini hapitwi nalo. Nikaongeza maneno machache kwenye kanuni: chenye pumzi huhesabiwa kwa pale kinapokanyaga. Na mwili tu ndio hurudi, kumbukumbu hazirudi.

Matokeo yake fuata moja baada ya jingine. Mtoto wa miaka 9 njiani usiku wa bamvua yuko miaka 16 nyuma, maana yake hayupo. Na asiyekuwepo ameachana na mahali pake, kwa hiyo kanuni ya tatu haimrudishi. Hii ndiyo hofu kubwa ya mji, na mji umejengwa kuizunguka. Watoto wote hulala juu. Kichanga hakilazwi hata kwenye sakafu ya juu, kwa kuwa ile iko kina cha mwaka 1, hulala kwenye kitanda kinachoning'inia darini. Na kwa kuwa watoto ni watoto, na usiku wa bamvua ni usiku wa mbalamwezi au wa giza tamu, wanataka kutembeleana. Lamu tunazo wikio, vyumba vinavyovuka njia kwa juu kuunganisha nyumba na nyumba, mara nyingi za ndugu. Kipwajaa nimezitandaza mtaa mzima. Mji una njia mbili, ya chini ya wakubwa na ya juu ya watoto, na usiku ule unasikia nyayo ndogo zikikimbia juu ya kichwa chako.

Wazee ni kinyume chake. Mzee wa miaka 70 akikaa barazani, kina cha miaka 14, ni mtu wa miaka 56. Magoti yanakunjuka. Kwa hiyo mabaraza ya Kipwajaa ni mapana kuliko vyumba, mawe matupu bila lipu, yamesuguliwa na makalio ya vizazi, na usiku wa bamvua hujaa wazee kuanzia saa nane. Wanakunywa kahawa, wanacheza bao, mmoja anasimama kwenda njiani kabisa kupata miaka miwili zaidi. Kabla maji hayajapwa, kila mzee anashikwa mkono na mtu wake kurudishwa ndani, kwa sababu mwili huurudia umri wake ghafla na aliyesimama anaweza kuanguka. Ndiyo maana kila baraza lina mhimili wa jiwe wa kushikilia, kimo cha kiwiko. Wasomaji wamenipongeza kwa mhimili ule kuliko jambo jingine lolote, na ulitoka kwenye hesabu tu.

Bado maiti. Nyumba za zamani za Lamu zilikuwa na nyumba kati, chumba cha ndani ambamo mama alijifungulia na maiti akaoshwa, kuingia na kutoka duniani mahali pamoja. Kipwajaa haiwezi kuwa hivyo, kichanga akizaliwa chini usiku mbaya amepotea. Nikaitenga: uzazi juu, kifo chini. Nikaamua pia kwamba pumzi iliyotoka hairudishwi na kina chochote. Lakini mwili unarudi. Anayefariki siku ya bamvua huoshwa nyumba kati ya chini, kina cha miaka 16, na watoto wake wanaomwosha huuona uso aliokuwa nao wao walipokuwa wadogo, ndevu nyeusi, mikono yenye nguvu. Wanaofiwa siku za maji mafu hawalipati hilo. Nimeuchora mlango wa chumba kile mfupi, lazima uiname kuingia, na ndani hakuna kidaka hata kimoja cha kuwekea taa juu. Taa huwekwa sakafuni, karibu na uso.

Usiiruke hatua hii kwa kuona ni nzito. Uliza kila chumba: nani anazaliwa hapa, nani anafia hapa, nani amekatazwa kuingia na saa ngapi.

Hatua ya 7: Pambo lije sasa

Pambo linalodumu huwa ni alama ya kazi iliyofanyika. Mikanda ikitolewa huacha mistari ya kimlalo kwenye lipu, shibiri moja moja, na chembe za nyuzi za mbao zimenasa humo. Mwenye nyumba haifuti. Ndiyo sahihi ya miaka 16.

La pili ni tarehe. Ukuta wa kibla wa msikiti wa Kizimkazi, Unguja, una maandishi ya mwaka 500 wa Hijria, yaani 1107, na kwenye magofu ya Gedi, Kenya, kuna kaburi lenye mwaka 802, yaani 1399. Kipwajaa kila mlango, boriti na ubao umechongwa mwaka wake, kwa sababu asiyejua umri wa mti wake ataangukiwa na dari. Mafundi wakapamba tarakimu hizo za miaka kwa minyororo na samaki, wakashindana. Vitu vingine sikuvipamba. Kama huna sababu, acha ukuta mweupe.

Hatua ya 8: Upe mtindo umri na makosa

Mtindo uliozaliwa siku moja hauaminiki. Nenda Kilwa Kisiwani kwenye Msikiti Mkuu: sehemu ya kaskazini ni ya zamani zaidi, na paa lake lilikuwa bapa, ya kusini iliongezwa baadaye, ina kuba. Mtu anasoma karne kwa kutembea hatua chache. Kizimkazi maandishi yale ya 1107 yako ndani ya msikiti ambao sehemu kubwa yake ilijengwa upya katika karne ya 18.

Kipwajaa niliipa vipindi vitatu. Cha kwanza, nyumba za mawe makavu bila lipu chini, zenye nyoka na upepo. Cha pili, mikanda. Cha tatu ni cha kule kilimani, juu ya alama, ambako wakati haufiki na watu wa kipato kidogo hujenga kwa boriti mbichi na makuti. Huko wamezuka mafundi wanaochora mistari ya mikanda kwa mwiko kwenye lipu ya jana, ili nyumba ifanane na za ukoo mkubwa wa chini. Watu wa ufukweni huwacheka. Mimi siwacheki, na nyumba moja ya namna hiyo nimeichora kwa upendo kuliko zote: mjane, vyumba viwili, mistari 16 iliyonyooka kabisa, ambayo mkanda wa kweli hauwezi kuinyoosha hivyo.

Ongeza pia ukarabati. Panya, nyufa, mlango uliobadilishwa upande mmoja tu.

Hatua ya 9: Tembea ndani ya nyumba saa mbaya kuliko zote

Funga michoro. Andika aya moja tu ya mtu anayepita nyumbani mwako saa ambayo kanuni inauma zaidi, bila kuieleza kanuni. Hii ni yangu:

Saa kumi kasorobo Mwanashei aliteremka na taa. Mkanda wa saba ulikuwa ukitoa mvuke, akapita mbali nao kwa mazoea. Barazani babu yake alikuwa amesimama bila fimbo, akicheka na mtu. "Babu, maji yanageuka." "Najua, mjukuu wangu. Nishike hapa." Akamshika chini ya kwapa, mkono mwingine wa babu ukatafuta mhimili. Juu yao, ndani ya wikio, nyayo zilizokuwa zikikimbia zilisimama.

Mpe mtu asiyejua lolote kuhusu dunia yako aisome, kisha mpe penseli achore nyumba aliyoiona. Akiuchora mhimili mahali pake na watoto juu, endelea na mtaa wa pili. Akichora mnara unaoelea, rudi hatua ya 5, na chukua kifaa ambacho hukukipitisha chini ya alama. Mimi nilichokirudia mwisho kilikuwa mtungi wa maji: udongo wake ulichomwa mwaka gani, na maji yaliyomo ni ya mvua ipi.